Paka Mwenye Maradhi Mawili: Dawa ya Tumbo na Dawa ya Viroboto

Katika nyumba nyingi, za shamba na za mji, paka ni mtumishi asiyelipwa mshahara. Usiku hulinda magunia ya mahindi na kuwafukuza panya darini. Asubuhi hulala penye jua kana kwamba hakufanya kazi yo yote. Mwenye nyumba humkumbuka siku mbili tu: siku panya walipotoboa gunia, na siku paka mwenyewe alipougua. Siku hiyo ya pili ndiyo yenye hatari, maana si wachache wenye huruma waliowaua paka wao kwa dawa waliyoitia kwa mikono yao wenyewe.

Mfano wa jambo hili ni huu. Mama mmoja mwenye duka dogo na ghala ya mahindi ana paka wa kilo 3. Siku ya Jumatatu paka ametapika mara mbili na kukataa chakula. Mama akimpapasa aona viroboto wakikimbia katika manyoya ya shingo. Juu ya rafu imo chupa ya dawa ya tumbo ya watu wazima, iliyobaki tangu mumewe alipougua. Jirani naye ana kijichupa cha dawa ya matone ya viroboto, aliyomnunulia mbwa wake. Mama afikiri moyoni, "Maradhi ni mawili na dawa ni mbili, heri nimtibu leo, yote yaishe." Fikira hiyo yatoka katika huruma, nayo yaonekana kuwa na akili. Lakini akiifuata, yawezekana sana paka ashikwe na degedege kabla ya jua kuchwa, na mama asijue ni dawa gani kati ya zile mbili iliyomdhuru.

Makala haya yaeleza kwa nini mambo huwa hivyo, na ni kwa utaratibu gani paka mwenye maradhi ya tumbo na viroboto pamoja aweza kutibiwa pasipo kudhuriwa.

NGOZI YA PAKA NI MLANGO WA TUMBO LAKE

Watu wengi hudhani ya kuwa dawa ya kupaka na dawa ya kumeza haziwezi kukutana, kwa sababu moja iko nje na nyingine imo ndani. Kwa ng'ombe aliyetoka joshoni huenda fikira hiyo ikawa karibu na kweli. Kwa paka si kweli hata kidogo. Paka hujisafisha kwa ulimi kila siku, mara nyingi, na ulimi wake una vijimiba vidogo vigumu kama tupa, vinavyokusanya kila kilichoshika katika manyoya. Basi kitu cho chote apakwacho, kiwe ungaunga, mafuta au maji ya dawa, baada ya muda mfupi kimo tumboni mwake. Mtu ampakaye paka dawa na ajue ya kwamba amemlisha.

Jambo la pili ni ini. Ini ni mahali ambapo mwili huzivunja sumu na dawa ili zipate kutoka. Katika mwili wa binadamu na wa mbwa, dawa nyingi hufungwa pamoja na asidi ya glukuroniki, ambayo ni jamaa ya sukari, zikapata kuyeyuka katika maji na kutoka kwa mkojo. Paka amepungukiwa sana na kimeng'enya kifanyacho kazi hiyo. Wataalamu hueleza ya kuwa yeye tangu asili ni mla nyama, wala hakuhitaji kupambana na sumu za majani na mizizi kama wanyama wengine. Kwa hiyo dawa ambayo mwili wa mtu huimaliza kwa saa chache yaweza kukaa katika damu ya paka kwa zaidi ya siku nzima. Aspirini ni mfano mmoja wa dawa za namna hiyo.

Jambo la tatu ni uzito. Paka wengi wazima wana kilo 3 hadi 5 tu. Kidonge kimoja cha parasetamoli cha miligramu 500, ambacho mtu mzima hukimeza kwa maumivu ya kichwa, chaweza kumuua paka. Ufizi wake hugeuka rangi kuwa wa kahawia au wa buluu, uso huvimba, na pumzi humwia shida. Wala kukigawanya kidonge hicho vipande vidogo si salama, kwa kuwa hata kipande kinaweza kumdhuru.

DAWA ZA VIROBOTO

Nchi ya Kenya inayo historia yake katika jambo hili. Maua ya pareto yalilimwa katika nyanda za juu tangu kabla ya Vita Vikuu vya Pili, na kwa miaka mingi nchi hii ilikuwa ya kwanza duniani kwa kuuza pareto. Sumu ya ua hilo humpooza mdudu upesi, lakini mwanga wa jua huiharibu. Katika mwaka 1973 mtaalamu Michael Elliott na wenzake, katika kituo cha utafiti cha Rothamsted huko Uingereza, walitangaza dawa iliyotengenezwa kwa mfano wa ile ya pareto, isiyoharibiwa upesi na jua. Jina lake ni permethrini. Dawa hiyo imewafaa watu sana, hata imetiwa katika vyandarua vya kuzuia mbu. Mbwa huistahimili. Paka haistahimili.

Dawa nyingi za matone zilizotengenezwa kwa ajili ya mbwa zina permethrini kwa asilimia 45 hadi 65. Kwa kuwa ini la paka haliwezi kuivunja upesi, permethrini huishika mishipa yake ya fahamu. Kwanza masikio na ngozi hurukaruka, kisha miguu hutetemeka, kisha huja degedege, na pengine kifo. Alama hizo kwa kawaida huanza baada ya saa chache, ingawa pengine huchelewa hata siku ya tatu. Si lazima paka apakwe mwenyewe: paka alalaye pamoja na mbwa aliyepakwa leo, au amrambaye, aweza kudhurika vile vile.

Dawa nyingine zisizomfaa paka ni zile za majosho ya ng'ombe. Amitrazi, itumiwayo kuua kupe, humlegeza paka, hupunguza mapigo ya moyo wake na kumpoza mwili. Dawa za kundi la oganofosfeti, kama diazinoni, humtoa udenda na machozi, humharisha na kumbana pumzi. Mafuta ya taa, ambayo watu wengine humpaka mnyama mwenye viroboto, huichoma ngozi. Na paka akiyaramba yaweza kuingia mapafuni. Hali kadhalika kitunguu saumu, ambacho wengine humlisha paka wakidhani kitafukuza viroboto, huharibu chembe nyekundu za damu yake.

Dawa zifaazo zipo. Fipronili, imidaklopridi na selamektini hutengenezwa katika vijichupa vya matone kwa ajili ya paka. Nitenpiramu ni kidonge, nacho huanza kuwaua viroboto katika muda wa nusu saa, ingawa nguvu zake hazikai siku nyingi. Lakini jina la dawa peke yake halitoshi. Pakiti lazima iwe imeandikwa kwamba ni ya paka, ionyeshe uzito na umri wa paka anayefaa kupewa, na isiwe imepita tarehe yake. Kugawanya dawa ya mbwa mkubwa ili kumpaka paka mdogo si kubana matumizi. Ni kucheza na kifo.

DAWA ZA TUMBO

Kutapika si ugonjwa mmoja, bali ni alama ya magonjwa mengi. Paka hutapika kwa sababu ya manyoya aliyoyameza, chakula kilichooza, minyoo, uzi uliomkwama matumboni, ugonjwa wa figo, au sumu. Tena yafaa kukumbuka ya kwamba paka anayewashwa na viroboto hujiramba kupita kiasi, humeza manyoya mengi, nayo hufungamana tumboni na kumtapisha. Basi pengine yale maradhi mawili yaliyomtia mama hofu ni maradhi mamoja.

Zaidi ya hayo, kiroboto huweza kubeba kichanga cha mnyoo wa tegu. Paka akimmeza kiroboto huyo, tegu hukua matumboni, na vipande vyake huonekana karibu na mkundu mfano wa punje za mchele. Paka wa namna hiyo ahitaji dawa ya tatu, nayo ni ya minyoo. Hapo yaonekana wazi kwa nini haifai kukimbilia dawa kabla ya kujua chanzo.

Dawa za tumbo za watu zisitumiwe kwa kubahatisha. Ile dawa nzito ya maji ya rangi ya waridi, ambayo watu wengi huinywa kwa tumbo, ina bismathi iliyochanganywa na salisileti, jamaa ya aspirini. Nayo ni sumu kwa paka. Loperamidi, inywewayo kuzuia kuhara, yaweza kumtia wazimu wa muda. Daktari wa mifugo anazo dawa zake, kama maropitanti na metoklopramidi za kuzuia kutapika, famotidini na omeprazoli za kupunguza asidi, na sukralfeti ya kufunika vidonda vya tumbo. Nyingine kati ya hizo ni zile zile wapewazo watu, lakini kipimo si kile kile, wala si kila paka atapikaye hupewa. Metoklopramidi, kwa mfano, ikipewa paka mwenye uzi uliokwama matumboni, husukuma pasipo njia na kuweza kuyapasua.

MAHALI DAWA MBILI ZIKUTANAPO

Dawa ya tumbo na dawa ya viroboto zaweza kukutana mahali panne.

Kwanza ni tumboni. Sukralfeti hufanya utando juu ya tumbo. Makaa ya dawa na udongo wa kaolini hunyonya vitu vilivyomo. Kidonge cha viroboto kikitolewa wakati huo huo chaweza kuzuiwa kisiingie damuni, na mwenye paka akasema kimeshindwa kazi, akampa kingine. Ndiyo sababu madaktari huagiza muda wa kama saa 2 upite kati ya sukralfeti na dawa nyingine ya kumeza. Tena paka atapikaye huweza kukirudisha kidonge cha viroboto, na hapo hakuna ajuaye ni kiasi gani kilichobaki ndani. Ni vibaya kukirudia kwa kukisia.

Pili ni katika ini. Simetidini, dawa ya zamani ya kupunguza asidi, hupunguza kasi ya vimeng'enya vya ini, na kwa hiyo dawa nyingine huweza kukaa mwilini kwa muda mrefu zaidi. Ini la paka, ambalo tayari lina upungufu wake, halihitaji kuongezewa kizuizi.

Tatu ni katika mishipa ya fahamu. Metoklopramidi huingia katika ubongo, nayo haifai kwa mnyama mwenye kifafa. Kwa upande wa viroboto, zipo dawa za kundi la isoksazolini, kama fluralaneri. Katika Septemba 2018 idara ya serikali ya Marekani isimamiayo chakula na dawa iliwatahadharisha watu ya kwamba dawa za kundi hilo, ijapokuwa ni salama kwa wanyama walio wengi, zimeleta mtetemeko, kuyumba au degedege kwa baadhi ya mbwa na paka. Basi paka aliyewahi kushikwa na degedege asipewe dawa ya kundi hili wala ya lile kabla daktari hajaambiwa habari hiyo. Tena zipo dawa za zamani za kutuliza na kuzuia kutapika, kama klopromazini na asepromazini, zinazozidisha ukali wa sumu ya oganofosfeti. Paka aliyepakwa dawa ya josho juzi, kisha akachomwa sindano ya namna hiyo leo na daktari asiyeambiwa, amewekwa kati ya mawe mawili ya kusagia.

Nne ni machoni pa mwenye paka. Mahali hapa hapana kemia, lakini ndipo penye makosa mengi kuliko pote. Udenda, kutapika, kukataa chakula na kulegea ni alama za ugonjwa wa tumbo. Hizo hizo ni alama za sumu ya viroboto. Hata dawa nzuri ya matone, paka akiiramba, ni chungu, na humtoa udenda kwa muda. Mtu aliyetia dawa mbili kwa saa moja amejifunga macho. Jioni paka akitapika tena, je, ugonjwa umezidi? Au ni dawa ya tumbo iliyomkataa? Au ni dawa ya viroboto? Daktari naye atauliza maswali hayo hayo, wala hapatakuwa na wa kumjibu.

Ni haki kusema upande wa pili pia. Dawa za matone kama fipronili na imidaklopridi, zikitiwa mahali pake, hubaki katika mafuta ya ngozi, na ni kidogo sana kiingiacho damuni. Kwa hiyo daktari aliyemchunguza paka huweza kuamua kumpa dawa ya tumbo na kumtia matone hayo pasipo hofu. Ubaya haumo katika hesabu ya dawa. Ubaya umo katika kuzichanganya pasipo mtu hata mmoja ajuaye zote mbili ni nini.

UTARATIBU WA KAZI

Paka atapikaye atibiwe tumbo kwanza, na viroboto wasubiri dawa yao mpaka daktari aseme. Kusubiri huko si kukaa bure, kwa sababu ipo kazi ya kufanya isiyohitaji sumu yo yote.

Paka achanwe kwa kitana chenye meno ya karibukaribu, kuanzia shingoni mpaka mkiani, na kila viroboto washikwapo watumbukizwe katika bakuli la maji ya sabuni. Kazi hiyo ifanywe kila siku. Matandiko yake yafuliwe kwa maji ya moto na kuanikwa juani. Sakafu, pembe za nyumba na chini ya vitanda pafagiliwe, na taka zichomwe. Kiroboto jike aweza kutaga mayai 40 au zaidi kwa siku, na mayai hayo hayashiki katika manyoya bali huanguka chini. Huko huanguliwa, wadudu wachanga hujificha gizani, kisha hujifunga katika vifuko ambamo huweza kungoja kwa miezi. Walio wengi wamo nyumbani, si juu ya paka. Mtu ampakaye paka dawa kila juma bila kufagia nyumba anateka maji kwa pakacha.

Paka mgonjwa apewe maji safi wakati wote, na chakula laini kidogo kidogo. Asifungishwe kwa siku nyingi kwa kudhani tumbo litapumzika. Paka asiyekula kwa siku 2 au 3, hasa aliye mnene, huweza kupata ugonjwa wa ini kujaa mafuta, ambao ni mbaya kuliko ule wa kwanza. Akitapika mara nyingi, akitoa damu, akilegea, au asipokula siku nzima, apelekwe kwa daktari bila kukawia. Kitoto cha paka kisingojewe hata siku nzima. Viroboto wengi peke yao huweza kukimaliza damu, na alama yake ni ufizi mweupe.

Kabla ya kwenda, mwenye paka aandike katika kipande cha karatasi mambo manne: uzito na umri wa paka, kila alichopewa au kupakwa katika mwezi uliopita, pamoja na siku yake, ugonjwa aliopata kuugua zamani, hasa degedege, na kama yumo mbwa au ng'ombe nyumbani aliyetiwa dawa karibuni. Pakiti na chupa zichukuliwe zenyewe, maana rangi na umbo havimwambii daktari kitu. Wazee walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari, na neno hilo lafaa kwa paka kama lifaavyo kwa duka. Katika Kenya madaktari wa mifugo na wasaidizi wao huandikishwa kwa sheria ya mwaka 2011, na si utovu wa adabu mtu kuuliza kama aliye mbele yake ameandikishwa.

Tumbo likiisha kutulia na daktari akiruhusu, dawa ya viroboto itiwe hivi. Paka apimwe uzito. Manyoya ya nyuma ya shingo, karibu na kichwa, yapasuliwe mpaka ngozi ionekane, na matone yatiwe juu ya ngozi yenyewe, mahali ambapo ulimi hauwezi kufika. Kama nyumbani wako paka wawili, watengwe mpaka dawa ikauke, wasirambane. Kama dawa ni kidonge, kifuatishwe na chakula au maji ya kijiko kimoja cha chai, kisikwame kooni na kulichubua. Siku hiyo isianzishwe dawa nyingine yo yote mpya, ili likitokea jambo chanzo chake kijulikane.

HATARI IKITOKEA

Paka aliyepakwa dawa ya mbwa au ya josho kwa makosa, naye bado hatetemeki, aoshwe mara moja kwa maji ya vuguvugu na sabuni laini ya vyombo, asuguliwe mpaka mafuta ya dawa yatoke, akaushwe vizuri na kufunikwa asipate baridi. Maji yasiwe ya moto, kwa kuwa joto huiingiza dawa mwilini zaidi. Aoshaye avae mifuko ya mkono. Kisha paka apelekwe kwa daktari, hata kama aonekana mzima, pamoja na ile pakiti.

Akiwa ameanza kutetemeka au kushikwa na degedege, wakati usipotezwe kwa kuosha. Afungwe katika nguo na kukimbizwa. Asitapishwe. Asinyweshwe maziwa, mafuta wala chumvi, maana mnyama mwenye degedege huvuta pumzini alichonyweshwa. Kwa sumu ya oganofosfeti daktari anayo sindano ya atropini. Kwa permethrini hakuna dawa ya kuitangua. Kazi ya daktari ni kuilegeza misuli na kuushikilia uhai mpaka mwili uitoe. Hizo ni njia mbili mbalimbali, na pakiti ndiyo imwonyeshayo daktari aishike ipi. Wengi wawahishwao hupona.

Basi na turudi kwa yule mama wa mfano. Akiiacha chupa rafuni na kijichupa kwa jirani, akamtia paka katika kikapu na kumpeleka kwa daktari siku ya Jumanne asubuhi, mazungumzo yatakuwa mafupi.

"Mama, tangu jana umempa nini?"

"Sijampa kitu, Daktari, ila maji na supu kidogo."

"Na juu ya ngozi umempaka nini?"

"Sikumpaka dawa. Nimemchana tu kwa kitana, na haya ndiyo niliyoandika."

Daktari atampapasa tumbo, atamtazama ufizi, atasoma karatasi, na kuanza kazi yake akiwa na macho mawili. Pengine atakuta ni manyoya tu yaliyofungamana, na sababu yake ni viroboto. Pengine atakuta jambo kubwa zaidi. Kwa vyo vyote hatakuwa na sumu ya jana ya kushindana nayo.

Mama atalipa ada, naye atarudi nyumbani na dawa moja mkononi na siku ya kuifuata ya pili. Gharama hiyo na aipime kwa magunia yaliyomo ghalani. Paka akiondoka, panya hutawala. Na aliyeuawa kwa dawa ya nyumbani ameondoka kama yule aliyekufa kwa ugonjwa.